Njia ya Punda Milia Katikati ya Nyumba Yetu

Kwako Baba Ndanu, huko uliko,

Sijui barua ya kwenda huko inabandikwa stempu gani, kwa hivyo hii naiandika wazi, mwenye kuisoma aisome. Sisi tuko wazima. Ndanu ameingia darasa la pili na tayari anasoma haraka kuliko mimi niliyefika la nane. Niko na jambo moja la kukuambia na sitaki ulisikie kwa watu. Kesho Jumatatu fundi Wambua anakuja kuziba njia. Ile njia uliyoiacha katikati ya nyumba ili punda milia wapite. Mawe yameshapangwa hapo nje, simiti imefunikwa na karatasi. Nimeona kabla jiwe la kwanza halijawekwa tukae chini mimi na wewe tuongee kama zamani, mimi nikiongea na wewe ukinyamaza, maana hivyo ndivyo tulikuwa tunaongea hata ukiwa hai.

Nakumbuka vile tulikutana. Nilikuwa msichana tu, nauza muthokoi, yale mahindi ya kukobolewa na maharagwe, kwa mjengo, hapa hapa Kitengela, wakati kulikuwa bado na nyasi nyingi kuliko mabati. Mafundi walikuwa wananiuliza kama leo kuna nyama. Wewe ulikuja na sahani yako ukaniuliza usiku niliota nini. Nilidhani wewe ni mhubiri, au umechanganyikiwa. Wambua ndiye alinikonyeza akasema, "Mjibu tu, dada. Huyu hali kama hajaambiwa ndoto." Nikakuambia niliota nafagia uwanja, na kila nikifagia uwanja unazidi kuwa mkubwa, mpaka ufagio ukaisha mkononi. Hukucheka. Ulichana karatasi ya mfuko wa simiti, ukachora hapo ukiwa umechutama, chakula kikapoa. Ukanionyesha mistari ambayo sikuelewa na ukasema hiyo siyo ndoto yangu peke yangu, ni ndoto ya hii mbuga, mimi nimeiazima tu.

Hakuna mtu alikuwa ameniambia kitu kama hicho. Nyumbani kwetu ndoto ilikuwa ya kumwambia mama asubuhi ili akuombee, basi, imekwisha. Wewe ulizikusanya kama vile wengine wanakusanya vyuma vikuukuu.

Watu walikuita Enjinia wa Ndoto, na hawakuwa wanakusifu. Walijua ulisoma chuo kikuu, ukafanya kazi kwa ofisi ya kuchora majumba ya wakubwa huko Nairobi, ukaacha. Siku moja nilikuuliza kwa nini uliacha. Ulisema kule walitaka nyumba zote zitazame barabara, kama watu wanaongoja gari. Nikakuuliza nyumba inafaa kutazama wapi. Ulifikiri mpaka chai ikaunda ngozi juu, kisha ukasema inafaa kutazama kile kitu ambacho huenda kikaja.

Huenda. Hilo neno lilikuwa lako. Mwalimu wangu wa hesabu alitufundisha jibu ni moja na ukikosa unachapwa. Wewe ulinifundisha hesabu ambayo jibu lake ni huenda, na ya kwamba huenda moja inaweza kuwa nzito kuliko nyingine. Ulikuwa unachukua maharagwe yangu ya jioni, yale mekundu, unayarusha kwa mchoro wa ploti yetu, unaangalia yameangukia wapi, unayaokota unarusha tena, jioni baada ya jioni. Mimi nangoja kupika. Nikikulalamikia unaniambia, ngoja kidogo Mama, bado hayajasema. Hapo sikuwa hata na mtoto, lakini ulikuwa umeanza kuniita Mama. Ulisema huenda hiyo ilikuwa nzito sana.

Na hiyo hesabu yako haikuwa ya kucheza. Kiangazi chote kabla tujenge ulikuwa unatoka asubuhi na kopo la chokaa, unafuata kwato za wanyama waliotoka upande wa mbuga ya serikali wakienda kutafuta nyasi za huku Kajiado. Popote umeona kwato unaweka alama nyeupe. Ploti yetu ikawa kama imenyeshewa na maziwa. Wambua alikuwa amepiga kamba za msingi mara mbili na mara mbili ukazing'oa. Kisha ukaweka kwato juu ya maharagwe, na maharagwe juu ya ndoto. Sheria yako naikumbuka: ndoto ya mtu mmoja ni yake, lakini wakiota watu watatu kitu kimoja, hicho kinaingia kwa nyumba. Na kweli tuliota watatu. Mimi, nikiwa na mimba ya Ndanu, niliota kitanda kinatetemeka kwa miguu mingi inayopita chini yake. Wewe uliota mlango unaokoroma. Naye Wambua, mtu mzima, akaota anapiga lipu na ukuta unahema.

Ndipo ukagawanya nyumba. Jiko na stoo upande huu, vyumba vya kulala upande ule, na katikati njia iliyo wazi juu na wazi pande zote mbili, upana wa kupita lori. Wambua aliangalia huo mchoro akavua kofia. Alisema, "Enjinia, mimi nimejengea watu, nimejengea kuku, nimejengea hata Mungu. Kujengea punda milia barabara kwa sebule ya mtu, hii ndiyo mara ya kwanza." Wewe ulimjibu kwamba hata sisi tunapita tu, tofauti ni kwamba sisi tunaomba hati ya kiwanja. Akajenga. Alinung'unika tangu msingi mpaka paa, lakini hakuna pembe ya hiyo nyumba imekaa vibaya.

Na ile ngazi, unaikumbuka? Ngazi ya upande wa jikoni inayopanda na haifiki mahali. Watoto wa jirani hukaa hapo mpaka leo wakicheza shule, mwalimu anakaa ya juu. Ulisema huenda siku moja tukahitaji orofa, na kama hatutaihitaji, basi tuko na mahali pa kukaa tukiifikiria.

Lipu ya njia ilipokuwa bado mbichi ulichukua msumari ukaandika kwa ukuta. Mimi nilikuwa nimesimama nyuma yako, tumbo kubwa, mgongo unauma, nikitaka twende ndani. Ulisema umalizie. Bado iko pale:

*Pitia hapa, wewe usiyebisha hodi.*
*Nyumba imelala ubavu*
*ikakuachia nafasi kitandani.*

Nilikuambia punda milia hawajui kusoma. Ulisema hata watu wengi wanaojua hawasomi.

Halafu walikuja. Watu wakisikia nikisimulia hiyo siku wanadhani naongezea chumvi, na ni wewe peke yako ungenishuhudia. Ilikuwa wakati wa ule ukame, Ndanu hajaanza kutembea. Jua limetoka kitambo. Mimi niko jikoni nimembeba, wewe uko upande ule unatafuta soksi. Kwanza nilisikia kama lori la kokoto linamwaga mbali. Kisha harufu, ile ya nyasi kavu na jasho la mnyama. Nikachungulia mlangoni na wa kwanza alikuwa ameshaingia kwa njia yetu, kichwa chini, anatembea pole pole kama mtu anayeenda kliniki. Nyuma yake wengine, na wengine, mbavu zikionekana, vumbi likipanda mpaka juu ya mabati. Walipita bila kukimbia. Mmoja alisimama akaangalia ndani ya jiko langu, akanusa, akaona hakuna la maana akaenda.

Na wewe ulikuwa umesimama kwa mlango wa upande ule. Kati yetu ilikuwa migongo tu, mistari nyeusi na nyeupe ikipanda na kushuka. Soksi moja iko mkononi. Ulikuwa unacheka na machozi yanatengeneza njia kwa vumbi la mashavu. Nikamwinua Ndanu juu umwone, yeye naye alikuwa ametoa macho, hata kulia amesahau. Ukaniambia kitu. Niliona midomo yako ikisema kitu kirefu, unanitazama mimi, si wao. Lakini kwato zilikuwa zimejaza masikio.

Walipokwisha, nilivuka nikakuuliza ulikuwa unasema nini. Ukasema umesahau. Nikakuacha, nikijua nitakuuliza siku nyingine.

Yeyo, yule mama Mmasai jirani wetu wa nyuma, alifika kabla ya mchana kuangalia mavi yaliyoachwa. Ulimsalimia kwa Kimaasai chako kile cha kuvunja mbavu, "Yeyo, takwenya," akaitikia "Iko," halafu akanigeukia mimi akauliza mume wangu sasa amepata wageni, nitawapikia nini. Alicheka mpaka akashika ukuta. Lakini alipotaka kwenda alisema jambo ambalo wewe na mimi, watu wa Ukambani, hatukulitilia maanani. Alisema punda milia hana neno, ila tuangalie nyumbu.

Sisi nyumbu tuliona ni mnyama tu kama wengine. Mvua kidogo ikanyesha, nyumbu wakafuata ile ile njia ya punda milia, wengi, wakaenda kuzalia kwa malisho ya nyuma ambako Yeyo huchunga. Wewe ulifurahi. Ulikuwa unahesabu vitoto vyao kutoka ile ngazi yako. Baada ya wiki kadhaa ndama mkubwa wa Yeyo akaanza kutoka maji puani, macho yakawa meupe kama ya samaki aliyeiva, akafa. Huko kwao kila mtoto anajua, ng'ombe akilishwa mahali nyumbu amezalia anapata huo ugonjwa. Sisi hakuna aliyetufundisha.

Alikuja, na hakupiga kelele. Alikaa kwa hiyo ngazi isiyofika mahali akatengeneza shuka yake. Akasema, "Sisi tangu mababu tunafukuza nyumbu. Wewe unawafungulia mlango, na unawaandikia mashairi."

Hukumweleza maharagwe, hukumweleza ndoto. Kesho yake ulichukua panga ukaenda kukata matawi ya mgunga, ukayaburuta mwenyewe, mikono ikararuka, ukafunga njia pande zote mbili kwa miiba vile wao hufunga boma. Yeyo akasimama pembeni akikukosoa namna unavyoyapanga. Na tangu hapo ikawa desturi ya nyumba yetu. Nyumbu wakikaribia kuzaa, miiba inafungwa. Vitoto vyao vikibadilisha rangi, hatari imekwisha, Yeyo mwenyewe anakuja kuiondoa, anasema sasa barabara ya serikali iko wazi.

Niliipenda nyumba yetu zaidi baada ya hapo. Sikukuambia, lakini niliipenda zaidi.

Sasa nitataja ile mvua. Nimezunguka nayo tangu nianze kuandika. Mwaka wa Elnino, kanisa moja dogo kule ndani, mbele ya Kajiado, walikuwa wameomba uwachoree jengo. Ukawaambia huwezi kuchora paa kabla hujasikia mvua yao, maana kila mahali mvua inaanguka kwa sauti yake, na wewe ulitaka paa la kuimba. Nilikuambia barabara zimekatika. Ulisema ndiyo sababu, mvua ya kutosha haiji kila mwaka. Ukaondoka na kipande cha bati kwapani, kama mtu anayekwenda kupiga ngoma. Ndanu alikupungia mkono kutoka jikoni.

Habari niliipata kwa Abdi, yule kijana wa kuuza mbuzi, ambaye mlikwama naye kwa korongo mkirudi. Kulikuwa na mchanga mtupu mkienda, na mkirudi ikawa mto. Alikuja mpaka hapa akakataa kukaa. Alisema mlikaa ukingoni tangu asubuhi na watu wengine, na wewe ulikuwa umechomeka vijiti kwa tope kuangalia maji yanashuka namna gani. Watu wakaanza kukutania, Enjinia, hesabu inasema nini? Ukawaambia hesabu inasema tungoje. Wakangoja. Halafu jioni ikikaribia akaona unavua viatu. Akakuuliza si umesema tungoje.

Abdi aliniambia, "Dada, alinijibu hivi na anatabasamu: 'Hesabu ndiyo inasema hivyo. Mimi nataka kulala kwangu.'"

Kwa matanga kule kwenu Masii watu walisema mengi. Walisema mtu wa kupiga hesabu ya kila kitu alikosaje kupiga hesabu ya mto. Ndugu zako waliona aibu wakaangalia chini. Mimi nilikuwa nimemshika Ndanu, nikawaacha waseme. Leo nasema. Hesabu yako haikukosea. Ilikuwa sawa kabisa, na uliijua, na ukaiacha hapo ukingoni pamoja na viatu. Ulitaka nyumbani. Sijui kama hilo linanifariji au linaniumiza. Kuna siku linafanya hili, kuna siku lile. Ile jioni nilikuwa nimekuwekea chakula, nimekifunika.

Lile kanisa walijenga la kawaida. Nasikia mvua ikinyesha hawasikii mahubiri.

Baada ya wewe, wanyama walikuja tena misimu kadhaa, kila mara wachache. Nilikuwa nasimama mlangoni kwa jikoni na upande ule mlango uko wazi na hakuna mtu. Halafu ploti zikaanza kuuzwa moja moja. Jirani wa juu akapiga waya wa miiba. Wa chini akajenga ukuta wa mawe na vipande vya chupa juu. Yeyo naye watoto wake wakauza kile kipande cha nyuma, akahamia kwa binti yake upande wa Isinya, huja tu kututembelea. Kwa hivyo njia yako siku hizi inaanzia kwa waya na kuishia kwa ukuta. Kinachopita ni upepo. Unaleta majuala ya plastiki, karatasi, vumbi la machimbo ya kokoto, na asubuhi nafagia, jioni nafagia.

Niliacha wazi hata hivyo. Wambua alinishauri mapema, na nikakataa. Uliwahi kuniambia kitu ambacho huenda kikatokea hakifiki sifuri, kinakonda tu, kinakonda mpaka huwezi kukiona, lakini hakifi. Nilikuwa nawaza huenda waya ukaanguka. Huenda jirani akahama. Huenda kuna mmoja, mzee, anayekumbuka. Nikifunga nilikuwa naona nimekufungia wewe.

Sasa ni kifua cha Ndanu. Kilianza kama mafua ya kawaida. Lakini mtoto anakula jikoni, anavuka ule upepo kwenda kulala, na mlango wa chumbani unafungukia kwa njia, hata ukiwekewa nguo chini vumbi linaingia. Msimu huu wa baridi amekuwa akihema kwa sauti, kifua kinapiga mluzi, mabega yanapanda juu. Siku moja midomo ilibadilika rangi nikiwa nimemshika, na sikujua nimwite nani. Nilimkimbiza kliniki nikiwa na kiatu kimoja. Wakampa dawa ya kuvuta. Nesi aliniuliza tunaishi wapi, tunalala aje. Nilipomweleza nyumba yetu aliacha kuandika akaniangalia. Akasema mtoto wa pumu hawezi kulala mdomoni mwa upepo, nikifanya mchezo nitampoteza.

Yeyo alipokuja kumwona mgonjwa alikuwa mkali zaidi. Alimweka Ndanu mapajani akasema, "Mbuzi akikohoa unamlaza wapi? Si karibu na moto? Na huyu unamlaza barabarani, unangoja gari gani?" Kisha akamkunjia Ndanu uso wake, ule wa kutoa ulimi, mtoto akacheka mpaka akakohoa tena, na sisi wawili tukasikiliza hicho kikohozi.

Wiki hiyo niliyatoa maharagwe, si kupika. Nilitaka kuyarusha vile ulikuwa unafanya. Niliyashika muda mrefu, kisha nikayarudisha kwa debe. Nilijua yatasema nini. Yatasema ngoja. Na mimi, Baba Ndanu, nataka mtoto alale.

Nafikiri utanielewa. Tena nafikiri wewe ndiye ulinitangulia, pande zote mbili. Ulikata miiba kwa mikono yako ukafunga, kwa sababu ndama wa watu alikufa. Hukungoja wa pili. Na pale mtoni hesabu ilisema ngoja, wewe ukavua viatu.

Wambua alikuja jana kupima. Amezeeka, meno ya mbele yameenda, lakini macho bado ni ya kamba ya msingi. Tutafunga pande mbili kwa mawe, tupige bati juu, na njia itakuwa chumba cha Ndanu, katikati kabisa, chenye joto la jiko upande huu na mimi upande ule. Alipofika kwa maandishi yako alisimama. Mvua imeyala, siyo uongo. Ule mstari wa katikati ulikuwa umeanza kupotea, herufi zimejaa tope. Akaniuliza bila kunitazama kama apige lipu mpya juu yake ukuta wa ndani uwe laini.

Nikamwambia, "Ukiugusa huo ukuta, Wambua, utanijengea bure mpaka ufe."

Akacheka, na mara akawa hacheki, akajipangusa uso na ile kofia yake. Akasema kwa hivyo sasa mvua haitayafikia tena. Nilikuwa sijaliwaza hilo. Nilikaa hapo chini kwa vumbi nikalia, Wambua akaendelea kupima kama mtu ambaye haoni, akitaja vipimo kwa sauti kubwa kuliko inavyohitajika.

Ndanu alitukuta hapo akitoka mazoezi ya Sunday school. Akaweka kidole kwa ukuta akaanza kusoma herufi moja moja kwa vile zimefifia, siku zote hajawahi kufika mwisho, maana huwa upepo unamfukuza. Alipomaliza aliniuliza nani ataachiwa nafasi kitandani. Nikamwambia ni baba yake aliandika. Akaniuliza kama baba alijua yeye atalala hapa. Nilitaka kusema huenda. Nikasema hapana, hakujua, lakini mtu akiacha nafasi hachagui wa kuingia. Sijui kama nilimjibu vizuri. Mambo kama hayo ulikuwa unajibu wewe.

Mimi sijabaki nikitazama nyuma tu, usidhani. Kuna siku ninaimba nikifua. Mtoto wako ni mcheshi, ana paji la uso lako, na akinyamaza anachora. Anachora nyumba zenye miguu. Mwalimu ananiuliza kwa nini zina miguu, nami namwambia aulize mwenyewe. Akipona kifua, nataka asome mpaka pale ulipofika, na apite.

Sasa ninakuaga. Siyo kuaga kwa kukutoa nyumbani. Mawe hayawezi hilo, nimekaa nalo moyoni nikaliona. Ila siku zote hizi nimekuwa nikisimama kwa mlango wa jikoni nikitazama ule mlango mwingine, na kuanzia kesho kati yetu kutakuwa na kitanda cha mtoto. Nitakuwa namtazama yeye. Usinikasirikie. Na kile kitu ulichoniambia siku ya vumbi, midomo ikienda na mimi sisikii, nimeacha kukitafuta. Nimekubali kilikuwa kizuri.

Pumzika huko Masii kwa udongo wenu mwekundu. Desemba nitakuletea Ndanu, akiwa na nguvu za kupanda ule mlima.

Wacha niishie hapo. Wambua ni mtu wa kufika na jogoo na maji ya kukoroga simiti bado sijateka, na kwa kioski cha maji laini ya watu huwa ndefu jioni. Ndanu ameshika mtungi wake mdogo ananingoja. Anataka kujua kama chumba chake kitakuwa na mlango wa kufungwa. Nimemwambia ndiyo, na ufunguo atakaa nao yeye.

Ni mimi wako,
Mama Ndanu